Kwa nini Wahindi huvaa njano kabla ya Holi

Mkuu, umeuliza hiyo njano ya Februari ni ya nini wakati Holi, sikukuu ya Wahindu ya kurushiana rangi, bado. Hiyo ni Vasant Panchami, siku ya tano tangu mwezi kuandama katika mwezi wa Magha wa kalenda ya Kihindu. Holi hufuata baada ya siku kama 40. Rangi inatoka shambani: kaskazini mwa India haradali huwa imechanua maua yake ya njano. Kule Bengal ni siku ya Saraswati, mungu wa kike wa elimu na muziki. Wanafunzi humwekea vitabu mbele yake na hawavigusi kutwa nzima (nani angekataa!).

Mimi hunivutia zaidi Delhi. Kwenye kaburi la Nizamuddin Auliya, sheikh wa Kisufi, Waislamu nao huvaa njano na kuimba kawali, nyimbo za ibada za Kisufi. Husimuliwa kwamba sheikh huyo alikuwa amezama kwenye msiba wa kijana wa ukoo wake. Mshairi Amir Khusrau, mfuasi wake, akaona wanawake wamebeba maua ya haradali, akavaa kama wao, akaenda kumwimbia hadi akatabasamu.

Upande wa uchoraji, tafuta picha za ragamala, yaani michoro ya Kihindi inayoonyesha raga, mitindo ya muziki wa huko. Raga ya Vasant (yaani majira ya machipuko) mara nyingi huchorwa kama mungu Krishna anayecheza, wanawake wakimpigia ngoma.