Pilau la Trinidad: ogopa vitunguu, usiogope sukari

Dada mmoja wa Mwanza ameniandikia juzi. Kapika pilau la Trinidad, kisiwa cha Karibi, rangi imetoka nzuri, lakini watoto wamesukuma sahani: chungu! Anauliza kama masala yamezidi. Dada yangu, masala hayana kesi. Umeunguza sukari, kama pilau hili linavyotaka ili lipate rangi, halafu ukakaanga na vitunguu mpaka vikawa vyeusi kama ulivyozoea kwenye pilau letu. Vyote viwili sufuria moja? Lazima liwe chungu.

Wenyewe huliita pelau. Trinidad ilikuwa kisiwa cha mashamba ya miwa yaliyolimwa na Waafrika watumwa. Utumwa ulipokwisha, kuanzia 1845 wenye mashamba wakaleta Wahindi kwa mikataba, na hadi 1917 walikuwa wameingia zaidi ya 140,000, wengi kutoka Bihar na Uttar Pradesh za leo. Ndiyo maana sufuria hii ina wali na nyama vilivyopikwa pamoja Kihindi, na humo humo ina sukari ya kuunguza na tui la nazi la Wakreole, yaani wazawa wa kule wenye asili ya Afrika. Mbaazi nazo asili yake ni India, ila Karibi zilifika kwa kupitia Afrika. Sasa mtu wa Pwani asijione yuko nyumbani hapo?

Mimi nilifundishwa na mama mmoja wa Kitrinidad tuliyekuwa tukikaa naye jengo moja hapa Toronto. Hakuwa na vipimo, ila likifika suala la sukari alikuwa hageuki hata ukimwita. Mafuta vijiko 2 vya chakula, sukari ya kahawia vijiko 3, moto wa kati. Sukari inayeyuka, inakuwa ya dhahabu, inageuka nyekundu kama kutu. Kisha inaumuka povu, na pembeni mwa povu rangi inaanza kukoza. Hapo hapo unamwaga kuku wako. Atalia tshaa! na mvuke utakupanda usoni, kwa hiyo simama mbali kidogo, mgeuze haraka ashike rangi kila upande. Ukiona moshi mzito na weusi, umechelewa. Mwaga, osha sufuria, anza upya. Usijidanganye kwamba tui litaficha.

Kuku, kilo 1, awe amelala na kitunguu saumu, majani ya vitunguu, thaimu na kotmiri. Akishashika rangi ndipo natia vitunguu, na vinalainika tu, basi. Rangi tunayo tayari. Hapo naongeza binzari nyembamba, iliki na kijiti cha mdalasini. Watrinidad wengi iliki na mdalasini hawatii, hilo ni langu, na nalisimamia. Mbaazi zilizochemshwa, kikombe kimoja na nusu. Mchele vikombe 2, tui zito kikombe 1, maji vikombe 2. Pilipili mbuzi moja nzima juu, isipasuke! Funika, moto mdogo, na mwiko uweke mbali. Wali huu hautakiwi kuchambuka punje punje, unatakiwa uwe na unyevu.

Niliposafiri nalo mara ya kwanza kwenye shughuli ya Watanzania wenzangu, mama mmoja mtu mzima alifunua sufuria, akanusa, akasema mbele za watu: "Pilau la sukari? Mtoto wa Tanga wewe, umekosa nini?" Sikumjibu, ni mkubwa wangu. Lakini neno lile mpaka leo halijanitoka. Jumamosi iliyopita nimepikia harusi, nimeweka la kwetu na hili bega kwa bega. Hili ndilo lililotangulia kwisha. Wamekwangua hadi ukoko, na waliokuja nyuma wamenifuata jikoni kuuliza kama limebaki.

Nasema hivi kwa sababu naona wengi mnataka kuishi kwa kupika, kama mimi, halafu mnaogopa midomo. Pilau letu tunaloliita la mababu nalo lilivuka bahari likatukuta. Aliyelipika kwanza Tanga naye lazima kuna mtu alimnunia. Jifunze chakula cha mwenzio kwa heshima, kipike mpaka mkono ukizoee, kisha weka chako ndani yake bila kuomba ruhusa. Na sukari usiiache peke yake jikoni. Narudia: usiiache.

Mezani, Trinidad hulila na kabichi iliyochanganywa na mayonezi, na parachichi pembeni. Mimi naweka kachumbari yenye ndimu nyingi, maana sukari na tui vinataka kitu kikali cha kuvikata. Ndizi mbivu tuliyozoea kuiweka juu ya pilau, hapa iache. Utamu utazidi.