Shangazi, Mtoto Halali: Maswali Yenu ya Usingizi

Shangazi shikamoo. Mwanangu ana miezi mitano, hasinzii mpaka awe na ziwa mdomoni, nikimweka tu kitandani macho kodo. Mwanzo alikuwa anapiga masaa manne mpaka matano mfululizo, sasa hivi kila baada ya saa moja anaamka, ananyonya dakika mbili kalala tena. Naambiwa eti maziwa yangu mepesi. Nimechoka mpaka nasinzia nimesimama.

Marahaba mwanangu, pole sana. Hilo la maziwa mepesi achana nalo, kama uzito unapanda vizuri na nepi zinalowa za kutosha basi maziwa yapo na anashiba.

Kinachotokea ni hivi, usingizi wa mtoto mchanga unakwenda kwa mizunguko mifupi ya kama dakika 50 au 60, na kuanzia karibu na mwezi wa nne unabadilika unaanza kufanana na wa wakubwa, kwa hiyo mwisho wa mzunguko anaibuka kidogo. Hata sisi tunaibuka, tunageuka upande wa pili tunaendelea. Ila yeye alilala na ziwa mdomoni, anaibuka ziwa halipo mama hayupo, hebu fikiria wewe umelala kitandani kwako unashtuka uko kwenye kochi sebuleni, si ungepiga kelele? Kwa hiyo usihangaike sana na yale masaa ya katikati ya usiku, hangaika na ule usingizi wa kwanza kabisa, alivyolala mwanzo ndivyo atakavyodai kulazwa usiku kucha.

Anza usiku tu, mchana mwache kwanza anyonye alale maana vyote kwa pamoja hamtaviweza. Mnyonyeshe mapema kidogo taa ikiwa inawaka, halafu ndo nepi, nguo za kulalia, wimbo uleule kila siku. Ziwa liwe la kwanza kwenye ratiba, lisiwe la mwisho. Akipitiwa na usingizi anavyonyonya, msikilize: mwanzo utasikia anameza, baadaye kumeza kunaisha taya linatetemekatetemeka tu. Hapo ingiza kidole chako kidogo (kisafi jamani) pembeni ya mdomo, aachie ziwa, halafu shikilia kidevu chake taratibu kwa chini mdomo ubaki umefungwa. Akitafuta ziwa tena mpe, rudia. Mweke kitandani akiwa kwenye mang'amung'amu, matako yatangulie, kichwa cha mwisho, mkono wako ubaki kifuani kwake mpaka atulie. Ukimshusha kichwa kwanza anahisi kama anaanguka anarusha mikono, kazi yote imeharibika.

Akilia mbebe, akinyamaza mrudishe. Kuna wanaopendekeza kumwacha alie kwa vipindi vinavyoongezeka, daktari Richard Ferber wa Marekani ndiye aliyeifanya njia hiyo ijulikane kuanzia 1985, na utafiti wa Australia uliotoka 2012 uliwafuatilia watoto waliofundishwa usingizi kwa njia za namna hiyo mpaka wakafika miaka 6, haukukuta madhara. Lakini walianza wakubwa kidogo kuliko wako, miezi saba hivi, na mimi binafsi nisingekimbilia huko. Na kuamka mara moja mbili kunyonya kwa miezi mitano ni kawaida kabisa, njaa ni njaa.

Shangazi, wa kwangu ana wiki sita, mchana analala fofofo usiku anataka stori. Mama mkwe anasema nimlaze kifudifudi na nimwekee unga kidogo kwenye maziwa.

Mama mkwe mheshimu ila hayo mawili kataa. Mtoto analazwa chali, usingizi wa usiku na wa mchana, kwenye godoro gumu la tambarare, bila mito wala midoli. Marekani walianza kampeni ya kulaza watoto chali 1994, vifo vya ghafla vya watoto usingizini vikashuka karibu nusu ndani ya miaka iliyofuata. Unga chini ya miezi sita hapana, anaweza kupaliwa na wala haumlazi. Saa ya mwili wake bado haijakaa sawa, inaanza kushika miezi miwili mitatu. Mchana fungua mapazia, mwongeleshe, makelele ya nyumbani yawepo. Usiku taa hafifu, badilisha nepi kimyakimya, usimchekee hata akikuchekea (najua ni ngumu). Na ukihisi usingizi unakuzidi usikae naye kwenye kochi, hapo ni hatari kuliko mnavyodhani.

Shangazi habari. Mimi ni baba, kijana wangu wa miaka mitatu tunamlaza saa mbili usiku ila anatoka chumbani mpaka saa tano: maji, kukojoa, busu. Tukimpa tableti aangalie katuni ndo kabisaa. Mchana analala mpaka saa kumi na moja. Naweza kumpa sirapu ya mafua kidogo alale?

Usimpe kaka. Dawa ya mafua si ya usingizi, wengine inawachangamsha na dozi ikizidi ni balaa. Jibu mbona umeshaliandika mwenyewe, mtoto kaamka saa kumi na moja jioni utamlazaje saa mbili? Shirika la Afya Duniani, mwongozo wa 2019, linasema umri wake anahitaji masaa 10 hadi 13 kwa siku nzima na ule wa mchana umo ndani. Mchana mwamshe mapema zaidi, katuni zizimwe saa moja kabla ya kulala. Halafu mtengenezee kadi, achore mwenyewe, ni tiketi ya kutoka chumbani mara moja tu, akishaitumia unaichukua. Akitoka tena unamrudisha bila hotuba.

Binti yangu wa miaka minne anapiga kelele saa chache baada ya kulala, macho wazi ila hanitambui. Kaingiliwa na nini?

Hajaingiliwa na kitu mama. Ubongo umeamka nusu, asubuhi hakumbuki. Usimtikise wala kumwamsha, kaa karibu asijigonge, itapita dakika chache. Mara nyingi huwapata wakichoka sana, mlaze mapema kidogo. Ila kama pia anakoroma kila usiku na pumzi inakatikakatika, mpeleke hospitali wamwangalie matezi ya koo na ya nyuma ya pua.