Mleta mada, hiyo sufuria ya shughuli irudishe ulikoiazima kabla hujaloweka rozela

Usiloweke! Salamu baadaye.

Umeuliza juisi ya rozela na ndimu kwa watu 60, ubatizo Jumapili, na joto lenyewe hili la Dar la Februari. Unataka kujua rozela kiasi gani, ndimu au chungwa, itakaaje bila friji, na kama asali inaweza kuchukua nafasi ya sukari. Maswali mazuri yote. Lakini katikati ya maelezo umeandika, tena kwa kupita tu: "nimeshaazima sufuria kubwa ya shughuli, naloweka Jumamosi usiku na ndimu zake, asubuhi nachuja tu." Na wadau wote hapo juu wanabishana kuhusu tangawizi. Tangawizi! Hakuna hata mmoja aliyeiona hiyo sufuria?

Sufuria ya shughuli ni alumini, mkuu. Sijawahi kuona kikundi cha kina mama kinachokodisha sufuria za stili za ukubwa ule. Kwa wali, sawa. Kwa pilau, sawa. Kwa rozela na ndimu usiku kucha, unatengeneza msiba.

Nayajua haya kwa sababu niliyafanya yote, hatua kwa hatua, kwenye send-off ya mdogo wangu. Ndiyo, mwanaume niliingia jikoni kwa hiari yangu, chekeni mmalize tuendelee. Kamati ilikuwa inakata gharama za soda, mimi nikanyoosha mkono nikasema niachieni vinywaji. Mpaka leo sijui nani alinituma.

Na kabla hamjanishambulia, niliuliza. Kuna mama mmoja mtaani kwetu anapika kwenye shughuli, pilau yake sina neno nayo. Nikamwuliza waziwazi, mama, hii sufuria haitaharibu juisi? Akanipandisha akanishusha, akasema, "Mwanangu, mimi napikia maharusi tangu hujaota ndevu. Alumini ndiyo yenyewe, inapoza haraka." Kweli inapoza haraka, nani kabisha? Silo nililouliza! Halafu akaniongezea ushauri wa bure: kamulia ndimu humo humo usiku, vilale pamoja vishikane. Vilishikana kweli. Vilishikana na sufuria.

Jioni nilipofunika, maji yalikuwa rangi ya damu ya mzee, unayaangalia mwenyewe unasema hii ni juisi ya watu. Alfajiri nafunua, nakuta zambarau iliyopauka inayoelekea kijivu. Nikasema labda ni taa ya jikoni. Nikachota kwenye glasi nikatoka nayo nje kulipokucha. Haikuwa taa. Nikaonja: ladha ya chuma, na siyo ile inayopita, inabaki kwenye meno hata baada ya kusukutua.

Kilichonitisha zaidi ni sufuria yenyewe tulipoimimina. Unazijua zile, ndani zina weusi wa miaka. Hii, kuanzia usawa juisi ilipofikia kwenda chini, ilikuwa nyeupe inang'aa. Juu ya hapo weusi uko palepale, na kati yake mstari umenyooka kabisa. Mwenye sufuria alipokuja kuichukua alinishukuru kwa kuisugua vizuri. Sikuisugua! Sasa jiulize kilichokuwa kwenye hizo kuta kilienda wapi.

Ningemwaga pale pale ningeokoa hela nyingi. Hapana, nikampigia yule yule mama. Akasema ongeza ndimu. Nikaongeza, rangi ikarudi wekundu kidogo, nikashangilia. Kumbe rozela ndivyo ilivyo, ukiizidishia uchachu inakuwa nyekundu, ukiupunguza inakimbilia bluu. Rangi haikwambii kama kilichoingia kimetoka. Ladha ya chuma ikawa pale pale, sasa na ukali juu yake. Nikaongeza sukari ili kuua ukali. Kilo baada ya kilo, na sukari mnajua wenyewe inavyouzwa. Hapo akatokea shangazi yangu na magadi, yale ya maharage, akasema kijiko tu kinakata uchachu. Povu likapanda mpaka mdomoni mwa ndoo, likashuka, na juisi ikawa bluu chafu yenye ukijani. Wageni wanaanza kuingia, MC anajaribu maiki, na mimi nimesimama na ndoo za maji yaliyofuliwa jinzi.

Zote tukazimwaga mtaroni. Rozela, ndimu za msimu ambao ndimu hazikamatiki, sukari, na barafu iliyokuwa inasubiri. Halafu tukanunua soda zile zile tulizokuwa tunazikimbia, kwa mkopo, kutoka duka la jirani ambaye hakutupunguzia hata senti. Mama wa pilau alilipwa chake chote. Alipoulizwa alisema labda rozela ilikuwa mbovu. Rozela mbovu! Shemeji zangu mpaka sasa wakifika kwangu wanaomba maji, tena wanataka ya chupa iliyofungwa.

Sasa sababu, maana najua kuna watakaosema ni mkosi wangu tu. Alumini ina utando mwembamba sana juu yake unaoikinga, na utando huo unavumilia vizuri vitu visivyo na uchachu. Ndiyo maana wali haudhuriki. Rozela siyo maji yenye rangi. Kile tunachokausha ni vile vikombe vinene vinavyobaki baada ya ua lenyewe kudondoka, na vimejaa asidi. Chai yake nzito ina pH (kipimo cha uchachu, kadiri namba inavyoshuka ndivyo uchachu unavyozidi) ya 2.5 hivi. Ndimu ni 2 na kidogo. Ukiviweka pamoja usiku kucha utando unaliwa, kisha alumini yenyewe inaanza kuingia kwenye juisi. Na rangi nyekundu ya rozela ina tabia ya kuikamata alumini na kugeuka zambarau. Kwa hiyo ukiona zambarau, juisi inakuonyesha ilichokula.

Tena hizo ni sufuria za kiwandani. Kuna hizi za kumimina mtaani zinazoyeyushwa kutoka vyuma chakavu, injini humo, makopo humo, na kila kilichookotwa. Mwaka 2017 ulitoka utafiti wa vyombo 42 vya alumini kutoka nchi 10, Kenya na Tanzania zikiwemo. Walivichemshia asidi ya siki iliyozimuliwa kwa saa mbili wakapima kilichotoka, na baadhi vilitoa madini ya risasi. Saa mbili tu, siyo usiku mzima. Na wewe unawanywesha watoto wa Sunday school.

Nasikia tayari mtu anaandika "mbona bibi zetu walitumia". Bibi yako ukwaju aliuloweka kwenye chungu cha udongo. Na nenda Unguja ukaangalie achari ya ndimu inakaa kwenye nini. Chupa. Wale wamekaa na ndimu karne na karne, wanajua. Mwingine ataniambia mchuzi wa nyanya anaupika kwenye alumini kila siku. Sawa, unaupika nusu saa unapakua. Siyo sawa na kuloweka kuanzia saa mbili usiku mpaka alfajiri.

Kwa hiyo sheria yangu ni hii, chukua hii hata ukiacha mengine yote: ROZELA NA NDIMU VISIGUSE ALUMINI. Visiloweke humo, visichemke humo, visipoe humo, wala usikorogee upawa wa alumini ukauacha ndani. Na karatasi ya foili usiifunikie ikagusa juisi, maana nayo ni alumini.

Tumia stili, au chombo cha enameli ambacho hakijabanduka. Kikibanduka chini yake ni chuma, nacho kinaitia rozela weusi. Kama huna uhakika sufuria ni ya nini, usihangaike na sumaku, kuna stili nzuri tu ambayo hainasi. Chukua kitambaa cheupe kilicholowa, sugua kwa nguvu ndani. Kikitoka na ukijivu, hiyo ni alumini, ipikie wali. Stili huwa nzito pia kuliko inavyoonekana.

"Lakini sina sufuria ya stili ya lita 20." Nani anayo? Ndiyo hesabu ambayo ningepewa na mtu mwenye huruma: huhitaji sufuria kubwa, unahitaji juisi nzito na ndoo. Watu 60 glasi moja moja ni kama lita 15. Nusu kilo ya rozela kavu inatosha. Azima sufuria ya stili ya lita saba au nane, zipo kwenye nyumba za watu, uliza tu. Suuza rozela haraka, ina mchanga kwa sababu inaanikwa nje. Chemsha maji lita tano, zima moto, weka robo kilo ya rozela, funika, subiri nusu saa. Haihitaji kulala. Hilo la kulala usiku kucha ni la watu wanaotaka kulala wao. Chuja kwa kitambaa, weka sukari ikiwa bado moto iyeyuke, mimina kwenye ndoo nyeupe ya chakula ikishapoa (siyo ndoo iliyokuwa na rangi ya ukuta, kuna watu hapa nawafahamu). Rudia mara ya pili. Halafu zimua kwa maji ya kunywa yaliyopoa mpaka ulimi ukubali, ukikumbuka kwamba barafu nayo itaongeza maji.

Ndimu au chungwa? Vyote. Chungwa linajaza mdomo, ndimu inaamsha. Ila ndimu inaingia mwisho kabisa, juisi ikiwa imeshapoa, karibu na kugawa. Ukiiweka kwenye moto harufu yake yote inaondoka na mvuke, na uchungu unajitokeza. Kokwa toa zote, na usisage ndimu na maganda kwenye blenda kama yule kijana wa video mwenye aproni nyeupe. Yeye anaonja pale pale mbele ya kamera na kutabasamu. Subiri saa moja uonje, ndipo utaelewa kwa nini video iliishia pale. Ukitaka iliki au mdalasini, tia wakati rozela inaloa. Tangawizi pia, ili wale wa hapo juu waache kelele.

Na mchangiaji namba sita uliyeandika "sufuria yoyote kubwa inafaa, muhimu iwe safi", nakuomba kwa heshima zote uufute huo mchango wako. Yangu ilikuwa safi. Ilipotoka ilikuwa safi zaidi.

Mleta mada, leo ni Alhamisi, muda unao. Nenda na kitambaa cheupe sasa hivi, sugua, halafu weka picha hapa tuone.