Baba Watatu na Bibi Mmoja

Swali lenu la juma hili: kati ya Ouranos, Kronos na Zeus, miungu ya Wagiriki wa kale waliofuatana baba, mwana na mjukuu, nani alikuwa baba mbaya kuliko wote? Wengi watamtaja Kronos, kwa kuwa habari ya kumeza watoto mtu akishaisikia haimtoki. Nami nimeanza kuandika nikiwa upande huo. Lakini swali limenigusa pabaya, maana linawahoji akina baba peke yao, na katika ukoo huu hakuna baba aliyepanda wala aliyeanguka bila mkono wa Gaia, dunia mwenyewe, bibi yake Zeus.

Kwanza ukoo wenyewe, kwani wengi hupotelea hapo. Anayeuchora kwenye karatasi asimweke Ouranos kando ya Gaia kama mume aliyetoka kwa watu wengine. Kwa Hesiodos, mshairi wa Kigiriki wa kale, Gaia alimzaa Ouranos, yaani mbingu, bila mwanamume, kama alivyomzaa Pontos, bahari. Mstari unashuka kwanza kutoka kwa mama kwenda kwa mwana, ndipo wa ndoa unachorwa. Ukikosea hapo, yote yanayofuata yanakaa kombo. Gaia na Ouranos wakapata Watitani 12 (miungu wakubwa wa kabla ya Zeus), Kyklopes 3 (majitu ya jicho moja), na majitu 3 yenye mikono 100 na vichwa 50 kila mmoja. Kati ya wale 12, wanane walioana wenyewe kwa wenyewe: Okeanos na Tethys, Hyperion na Theia, Koios na Phoibe, Kronos na Rhea. Kreios alimwoa Eurybia, dada yake kwa mama, ambaye baba yake ni Pontos. Iapetos alimchukua Klymene, binti wa kaka yake Okeanos. Wakabaki Themis na Mnemosyne, na wote wawili waliishia kwa Zeus, ambaye kwake walikuwa shangazi upande wa baba na mama wadogo upande wa mama.

Ya Ouranos yanajulikana: aliwazuia watoto ndani ya Gaia wasione mwanga, Gaia akaunda mundu, na Kronos, kitinda mimba, akawa ndiye pekee aliyethubutu kuushika na kumhasi baba yake.

Tukio ninalotaka lisomwe kwa makini ni la jiwe. Waliomwambia Kronos kwamba atapinduliwa na mwanawe ni Gaia na Ouranos. Basi akawa hapati usingizi, na kila mtoto alipofika magotini pa Rhea, alimchukua akammeza: Hestia, Demeter, Hera, Hades, Poseidon. Mimba ya sita Rhea akatafuta ushauri. Kwa nani? Kwa Gaia na Ouranos walewale! Wakamwelekeza Lyktos, kisiwani Krete, na Gaia akampokea Zeus akamficha pangoni. Kronos akapewa jiwe lililoviringishwa katika nguo za mtoto, akalimeza hivyohivyo. Yule anayekesha akilinda kiti chake hakufunua nguo amwone mwanawe usoni. Angekuwa na desturi ya kumtazama mtoto walau mara moja kabla ya kummeza, hila nzima ingevunjika.

Jiwe lilimezwa la mwisho, kwa hiyo lilitapikwa la kwanza. Hesiodos anataja hila ya Gaia na nguvu za Zeus. Kwa Apollodoros, mwandishi wa baadaye, Metis, binti wa Okeanos, ndiye aliyemnywesha Kronos dawa. Angalieni utaratibu wa kutoka: aliyeingia mwanzo anatoka mwisho, kwa hiyo Hestia, kifungua mimba, anakuwa mdogo wa wote. Wimbo wa kale wa kumsifu Aphrodite, mungu wa kike wa mapenzi, unasema Hestia alizaliwa wa kwanza na tena wa mwisho, na maneno hayo hayaeleweki bila tumbo la Kronos. Zeus, ambaye hakumezwa kabisa, anakuwa mkubwa kwa hesabu hii ya pili. Homeros, mshairi mwingine wa kale, yeye humfanya Zeus kaka mkubwa wa Poseidon tangu mwanzo, na anayechanganya Hesiodos na Homeros katika mchoro mmoja atakuta Poseidon ni mkubwa na ni mdogo kwa mpigo.

Jiwe lenyewe Zeus alilisimika Delphi, mahali patakatifu pa Wagiriki, chini ya mlima Parnassos. Pausanias, msafiri wa karne ya 2 baada ya Kristo, aliandika kwamba si kubwa, kwamba kila siku humiminiwa mafuta ya zeituni, na siku za sikukuu huwekewa sufu ambayo haijasokotwa. Hesiodos alisema ni jiwe kubwa. Mimi naona kimo cha Pausanias ndicho kinachomfaa mtoto mchanga.

Sasa fuateni nyayo za Gaia baada ya hapo. Vita kati ya Watitani walioshika mlima Othrys na miungu ya mlima Olympos, yaani Zeus na ndugu zake, vilidumu miaka 10, na ni Gaia aliyewaambia akina Zeus wawafungue wale wa mikono 100, wakashinda. Watitani walipotupwa Tartaros, shimo lililo chini kabisa ya dunia, Gaia akamzaa Typhoeus, zimwi, adui mkubwa wa mwisho wa Zeus. Typhoeus aliposhindwa, Gaia huyohuyo akashauri Zeus apewe ufalme. Kisha yeye na Ouranos wakamshauri Zeus ammeze mkewe Metis, kwa kuwa baada ya binti, Athena, angezaa mwana wa kumpindua. Ouranos aliziba tumbo, Kronos alimeza watoto, na wote wawili walimwacha mama huru kupanga njama. Zeus akammeza mama.

Hapa nilitaka kumaliza kwa kumpa Gaia kura ambayo hamkuiwekea nafasi. Nikirudia mlolongo, mkono unakuwa mzito. Yote yalianza kwa mama aliyebanwa na watoto asioruhusiwa kuwatoa. Kronos alikuwa na utabiri wa kuogopa, Zeus pia. Ouranos hakuwa na utabiri wowote. Hesiodos anasema tu kwamba aliwachukia wanawe tangu mwanzo na aliifurahia kazi yake mbaya. Tena ndiye aliyeadhibiwa akabaki na heshima ya mshauri, wakati Kronos alitupwa shimoni.

Kwa hiyo, kama ni baba, andikeni Ouranos, ingawa hakuna mtoto aliyeteseka zaidi ya wale watano waliokaa gizani tumboni mwa Kronos, na ingawa Kyklopes walibaki kifungoni wakati wa utawala wa Kronos mpaka Zeus alipowafungua. Zeus mwondoeni kwenye orodha: watoto wake walizaliwa, wakapewa heshima zao. Ila kwa habari ya Metis simpatii Gaia udhuru. Aliyemsaidia Rhea kuficha mwana ndiye aliyemfundisha mjukuu wake namna ya kuhakikisha hakuna mama mwingine atakayeweza.