Kwa nini siku ya meli ya mvuke kuondoka ilikuwa pilikapilika vile

Mkuu umeuliza kwa nini bandarini palikuwa vurugu hivyo wakati tarehe ya safari ilishatangazwa zamani. Jibu ni kwamba karibu kila kitu kilikuwa kinaangukia masaa yale yale machache. Boila zenyewe, yaani matangi makubwa ya kuchemshia maji yatoe mvuke, huwezi ukawasha tu ukaondoka, zinapashwa moto taratibu masaa mengi kabla maana chuma kikipata joto ghafla kinatanuka vibaya na viungo vinavuja, kwa hiyo stoka (wale wachochea moto wa boila) wako chini jasho linawatoka wakati abiria bado hata hawajafika.

Halafu makaa ya mawe ya kuwasha hizo boila jamani, vumbi lake linaingia kila mahali, ikabidi wafunge milango na madirisha wakati wa kupakia na baadaye waoshe deki yote kabla watu hawajapanda.

Mfano mzuri ni Titanic pale Southampton, Uingereza, tarehe 10 Aprili 1912. Daraja la tatu walipanda mapema wakakaguliwa afya, wale wa daraja la kwanza wakaja baadaye na treni maalum kutoka London, saa sita mchana kamba zikafunguliwa. Na hapo hapo mvuto wa maji wa Titanic ikipita ukakata kamba za meli nyingine, New York, iliyofungwa jirani, ikaanza kuelea kuwafuata, ni tagi, zile boti ndogo za kuvuta meli, ndo ziliokoa! Mi nawaheshimu sana wale wa tagi, watu hawawataji kabisa.