Mtoto Akikikasirikia Kitabu, Usimkimbilie na Funzo

Kuna swali ambalo sisi tuliofundisha shule za msingi tumelirithi na limetuganda: "Hadithi hii inatufundisha nini?" Kitabu hakijafungwa, swali lishatoka. Watoto nao wameshalizoea, wananyoosha vidole kabla hata hawajafikiri: inatufundisha tusiwe wachoyo, tuwatii wazazi, tusiwe na tamaa kama fisi. Kwa hadithi nyingi halina ubaya. Lakini kwa kitabu ambacho ndani yake mtoto anakufa, tena mtoto ambaye wasikilizaji wako wameshampenda, nakuomba swali hilo uliweke kando kabisa.

Nayasema haya baada ya kusoma Bridge to Terabithia na watoto wa mtaani kwetu Chikongola, hapa Mtwara mjini. Ni riwaya ya watoto ya Katherine Paterson, Mmarekani, iliyotoka mwaka 1977 na mwaka uliofuata ikapata Medali ya Newbery, tuzo ambayo kule kwao kila mwandishi wa watoto anaitamani. Kitabu ni cha Kiingereza. Mimi nakisoma usiku, kesho yake jioni watoto wakitoka madrasa nawasimulia barazani kwa Kiswahili, na penye mazungumzo matamu nawafasiria mstari kwa mstari. Wanaokuja ni wa darasa la nne hadi la saba. Wadogo zao huja kufuata karanga.

Kisa kwa ufupi. Jess Aarons, mtoto wa familia ya hali ya chini kijijini Virginia, anapenda kuchora na anataka kuwa bingwa wa mbio darasa la tano. Anahamia jirani binti anayeitwa Leslie Burke, na siku ya kwanza ya shule binti huyo anamshinda mbio. Badala ya uadui unazaliwa urafiki. Wanavuka kijito kwa kubembea na kamba iliyofungwa mtini, na ng'ambo ya pili wanajitengenezea ufalme wao wa kufikirika, Terabithia, wao ndio mfalme na malkia. Halafu mvua inanyesha siku nyingi na kijito kinafura. Siku Jess akiwa Washington na mwalimu wake wa muziki kuangalia picha za wachoraji, Leslie anakwenda kubembea peke yake na kamba inakatika.

Watoto wa huku hawana haja ya kuelezwa maji yanavyoweza kugeuka. Mei 2024, kipindi cha Kimbunga Hidaya, barabara yetu ya kwenda Dar ilikatika kule Somanga, Kilwa, mabasi yakakwama na watu wakalala njiani. Kwa hiyo nilipofika kwenye ile mvua isiyokatika, mvulana mmoja wa darasa la sita alisema tu, "Hapo pana kitu, Mwalimu." Akahama kwenye jamvi, akaja kukaa karibu na kiti changu.

Jambo la kwanza la kujua ukitaka kukisoma na watoto ni kwamba habari ya kifo haipigi hodi. Inakuja mwishoni mwa sura ya 10. Jess anarudi nyumbani na furaha yake ya Washington, anakuta familia nzima imekaa, na dada yake anamropokea pale pale kwamba rafiki yake amekufa. Sura inaishia hapo. Ukisoma sura moja kila siku, utawarudisha watoto makwao magharibi na neno hilo moja kifuani. Mimi nilianza mapema siku hiyo, tukaunganisha mpaka sura ya 12, kwa sababu ya 11 na ya 12 ndizo zinazoonyesha mtoto anafanya nini na habari kama hiyo. Kitabu kina sura 13, hazibaki nyingi. Na lazima uwe umekimaliza mwenyewe kwanza. Ukilia mbele yao si neno, ila usije ukashtuka pamoja nao.

Nilipolitaja tu lile neno la dada mtu, mvulana mmoja alicheka. Si tabasamu, alicheka kwa sauti, na dada yake akamnasa kibao cha mgongo. Nikamwambia binti amwache. Mtu mzima akiona mtoto anacheka kwenye habari ya msiba anaona utovu wa adabu, lakini mara nyingi ni mwili tu unatafuta pa kutokea. Sikumwambia lolote yule mvulana, nikaendelea kusimulia, maana sura inayofuata inamtetea vizuri kuliko ambavyo mimi ningeweza. Asubuhi yake Jess mwenyewe anakaa mezani na kula chapati za maji sahani tele, dada yake anamsema: rafiki yako kafa na wewe unakula hivyo? Yule aliyecheka akainua kichwa. Nadhani hakutegemea kwamba ndani ya kitabu atamkuta mwenzake.

Kisha hasira. Binti mmoja wa darasa la tano, mkimya sana, ambaye wakati wote wa hadithi huwa anasuka nywele za mdogo wake, aliacha mkono hewani na kitana ndani yake.

"Yeye ndiye aliyemuua."

"Nani?"

"Jess. Aliwaza kumwita waende wote mjini, halafu akafurahi hakumwita."

Ni kweli, imo kitabuni, imepita kwa sentensi chache tu na wengine wote hawakuishika. Wakiwa tayari njiani kwenye gari la mwalimu, Jess aliwaza kwamba angeweza kumwombea Leslie nafasi, na moyoni akaona raha kuwa na mwalimu peke yake. Mtu mzima hapo ulimi unawasha. Unataka kusema "hapana mwanangu, ilikuwa ajali, Mungu ndiye aliyepanga." Jizuie. Mimi niliuliza tu: "Na yeye Jess unadhani anajiona hivyo hivyo?" Akafikiri, akasema ndiyo, ndiyo maana anampiga mdogo wake kofi kule mbele na kutupa zile rangi alizopewa na Leslie majini. Akarudi kusuka. Asingefika hapo kama ningemkatiza kwa faraja. Hasira ya mtoto kwa mhusika ina kazi yake, na kwa kawaida ikiachwa inapita yenyewe njia inayoijua.

Lakini kelele kubwa kuliko zote ilizuka kwenye maziko. Baba yake Leslie anasema mwili umechomwa, na majivu atayapeleka kwa ndugu zao Pennsylvania. Baraza zima likasimama. Wamemchoma? Moto? Na nani alimwosha? Mmoja akauliza turubai lilifungwa wapi, mwingine akataka kujua kina mama walilala siku ngapi pale msibani. Ukitazama kwa macho ya mtoto wa Mtwara, aliyekulia kwenye matanga ya watu kulala nje, sufuria kubwa za wali na chai ya rangi usiku kucha, ule msiba wa Virginia ni mkavu kweli kweli. Watu wanakuja, wanakaa sebuleni kwa adabu, wanaondoka. Nikawaeleza kwamba wako watu duniani ambao hiyo ndiyo heshima yao kwa marehemu, na kwamba Jess mwenyewe ilimuumiza, kwa kuwa hakupata hata kumuona kwa mara ya mwisho. Hapo wakatulia, maana hilo wanalijua. Kuna na sehemu ndogo inayozungumzia Mungu na moto wa Jehanamu. Sikuihukumu. Barazani kwangu wako wa msikitini na wa kanisani, nikawaambia kila mmoja akamuulize wake.

Baada ya zogo hilo ndipo lilipokuja jambo ambalo kwangu lilikuwa na uzito kuliko mengine yote. Mtoto mmoja akasema, kama anaeleza habari ya kawaida: "Bibi yangu waliniambia kaenda Newala."

Bibi huyo alishazikwa, mtaa mzima tulikwenda. Mtoto alikuwa amepelekwa kwa shangazi yake Mikindani siku ya maziko, kama tunavyowafanya wote. Tunawaondoa ili wasione, tunawaambia fulani kasafiri, tunaamini tumewakinga. Wao wanajua. Wanasikia vilio, wanaona viatu vya marehemu vimegawiwa, wanakaa na ujuzi huo peke yao kwa sababu wakubwa wameshasema safari. Sikumtolea mzazi wake kasoro mbele ya wenziwe. Nilimwambia nilimfahamu bibi yake, kwamba mikeka aliyosuka ninayo mpaka leo, na kwamba akitaka tutaizungumza. Jioni ile ile nikaenda kwao kumweleza mama yake, ili jambo lisimfikie kupitia mdomo wa mtaa. Hilo nalichukulia kuwa sehemu ya kazi ya anayesoma kitabu cha namna hii na watoto wa watu: uwe na ujasiri wa kugonga mlango.

Wanaweza pia kukuuliza kisa kimetoka wapi. Paterson alikiandika kwa sababu mwanawe David alikuwa na rafiki mpenzi, Lisa Hill, aliyepigwa na radi mwaka 1974 akiwa na umri wa miaka 8. Nilipotaja radi nilijua kitakachofuata, na kikafuata: "Nani alimtumia?" Huku kwetu radi haipigi bure, lazima pawe na jirani mwenye kinyongo. Ukiwahutubia juu ya ushirikina utakuwa umewapoteza. Nikawaambia David na mama yake nao waliuliza kwa nini, wakakosa jibu, na mama akaishia kuandika kitabu. Mvulana mmoja hakuridhika, na sina uhakika kama ataridhika karibuni. Si lazima kila mtu aondoke barazani ameshiba majibu.

Badala ya kuuliza funzo, fanya afanyavyo mwalimu mkali wa darasa lao kitabuni, Bi Myers, ambaye tangu mwanzo watoto wanamcheka. Anamtoa Jess nje ya darasa, na badala ya kumpa nasaha anamweleza kuhusu mumewe alipofariki, jinsi watu walivyokuwa wakimwambia asilie. Basi. Nami niliwasimulia rafiki yangu wa darasa la tatu aliyekufa kwa surua, tuliyekuwa tukiokota naye korosho zilizoanguka na kuuziana mabibo kwa vipande vya daftari. Niliwaambia jina lake na jinsi alivyokuwa mwongo wa kupindukia. Walicheka, na maswali yao juu yake yalizidi maswali yao juu ya Leslie. Mtu mzima akieleza kifo kilichomgusa yeye mwenyewe, watoto wanaelewa kwamba inaruhusiwa kukitaja. Ukitaka wafanye kitu kwa mikono, wape karatasi na penseli za rangi, si insha.

Kuhusu mwisho wa kitabu, uwe tayari kwa ugomvi. Jess anajenga daraja la mbao na kumvusha mdogo wake wa kike kwenda kuwa malkia mpya. Nusu ya baraza ilipenda, nusu ikasema amemsahau mwenzake upesi mno, bora angeliacha lile pori lile lile. Mimi moyo wangu uko kidogo na hao wa pili, ingawa naona kwa nini mwandishi alimaliza hivyo. Sikuamua kesi. Bado wanaibishania wakienda kuchota maji.

Mtoto gani asisomewe? Aliyefiwa juzi juzi, asisomewe kwa kushtukizwa. Mimi husubiri arobaini ipite, halafu nawaambia wazazi na mtoto mwenyewe kilichomo, achague. Anayesema hataki anaruhusiwa kuondoka bila kuulizwa. Na watakuwepo wazazi wa kulalamika, si Mtwara tu. Marekani penyewe, miaka ya 1990, kitabu hiki kilikuwa miongoni mwa kumi vilivyopingwa zaidi kwenye orodha ya Jumuiya ya Maktaba ya Marekani, wengine wakiona lugha ya wahusika ni kali, wengine wakiona kifo si habari ya watoto.

Wangu alikuja asubuhi, baba wa yule mvulana aliyecheka. Alisimama na pikipiki yake nje ya uzio, hakutaka kukaa.

"Mwalimu, shikamoo. Mwanangu jana hakula."

"Marahaba, baba. Alisema nini?"

"Ananiuliza mimi nikifa atamwambia nani. Sasa haya ndiyo mambo ya kuwafundisha watoto?"

Nikamwambia sikumfundisha, nilimsimulia, na nikamweleza kisa kuanzia mwanzo akiwa amesimama pale pale. Alisikiliza huku akichezea ufunguo. Nilipofika pale Jess anapokimbia barabarani kama mwendawazimu baada ya kuambiwa, akanikatiza: "Na baba yake alikuwa wapi muda wote huo?"

Nikamjibu kwamba baba yake, ambaye mpaka hapo kitabuni hamshiki wala hambembelezi, alimfuata na gari, akashuka, akambeba mikononi kama mtoto mchanga akamrudisha nyumbani.

Akazima pikipiki. Akauliza kama naweza kumrudia sehemu hiyo polepole, na Jumamosi tunaanza saa ngapi.