Jaji wa mlangoni

Ndugu mhariri, mmeuliza wiki hii kama mchezo usio na goli wala saa, ambao mshindi wake hutajwa na majaji waliokaa mezani, ni mchezo kweli au ni maonyesho tu. Nadhani mlikuwa na ndondi akilini. Mimi nitawajibu kwa kuteleza kwenye barafu, kule kwa mitindo na muziki, kwa sababu ndiko kunakonilipia kodi ya nyumba. Mimi ni mtu wa Kisauni, Mombasa, na huu ni mwaka wa saba nafanya kazi katika uwanja mmoja wa barafu hapa Massachusetts. Nakodisha viatu, nauza chokoleti ya moto, nafuta vioo. Mtoto wa pwani kuishi ndani ya friji ni kichekesho, najua, ndugu zangu wameshanicheka vya kutosha.

Nilipoanza nilikuwa upande wenu mnaosema maonyesho. Mtu kavaa nguo ya kumetameta, fidla zinalia, anatabasamu kama bibi harusi, halafu eti ni mwanamichezo. Kilichonibadilisha ni zamu ya alfajiri. Saa kumi na moja, giza bado, watoto wa klabu huingia kufanya mazoezi kabla ya shule. Binti mmoja wa miaka kama kumi na moja alikuwa akijaribu mruko uleule mmoja. Nilihesabu ameanguka mara 19, kisha ikabidi nikafungue duka. Nyonga ya mtoto ikigonga barafu hutoa mlio wa gunia la nazi lililotupwa kutoka kwenye lori. Wahenga waliosema kuteleza si kuanguka hawakuwahi kuamkia huku.

Mruko wenyewe unaitwa Axel. Iko miruko sita inayohesabiwa. Mitano mtu huondoka akiwa ameupa mgongo uelekeo anaokwenda, na Axel peke yake huondoka akitazama mbele, hivyo lazima aongeze nusu mzunguko ili atue kinyumenyume. Septemba 2022, mjini Lake Placid, kijana Ilia Malinin, akiwa na miaka 17, aliruka Axel ya mizunguko minne na nusu na kutua salama, kitu ambacho hakuna aliyewahi kukifanya kwenye mashindano. Yote hayo hewani kwa muda usiofika sekunde moja. Pale hakuna cha majaji. Ama umetua kwa mguu mmoja, ama umekaa kitako.

Ila sitawatetea majaji kwa kila kitu. Zamani kila jaji alitoa alama mbili, ya ufundi na ya sanaa, na ya juu kabisa ilikuwa 6.0. Alama zenyewe hazikujumlishwa. Zilitumika kupanga nani wa kwanza na nani wa pili. Kila mtu aliteleza raundi mbili, fupi na ndefu: nafasi ya raundi fupi iligawanywa nusu, ya raundi ndefu ikabaki kamili, na mwenye jumla ndogo ndiye bingwa. Chukueni kalamu tufuatane hadi Salt Lake City, Olimpiki ya Februari 2002, fainali ya wanawake. Michelle Kwan, kipenzi cha Wamarekani, alikuwa wa 1 raundi fupi, kwa hiyo ana 0.5. Irina Slutskaya wa Urusi wa 2, ana 1.0. Sarah Hughes, msichana wa miaka 16 kutoka Great Neck, New York, wa 4, ana 2.0. Raundi ndefu Hughes akateleza kama mtu aliyekwisha kuisamehe medali, akashika nafasi ya kwanza, jumla 3.0. Kwan akaanguka mara moja, lakini bado majaji wakamweka wa 2 nyuma ya Hughes: jumla 2.5. Dhahabu yake hiyo. Akabaki Slutskaya peke yake. Alipomaliza, majaji wakamchomeka katikati ya Hughes na Kwan. Kwan akasukumwa hadi wa 3, jumla 3.5. Slutskaya 3.0, Hughes 3.0, na sare ikaamuliwa kwa raundi ndefu. Bingwa ni Hughes. Kwan hakuwa hata kwenye barafu dhahabu ilipomtoka. Ilitolewa na miguu ya mtu mwingine. Nimewaeleza wateja wangu hesabu hii mara nyingi, na kuna wanaodhani nawadanganya.

Siku kumi kabla ya hapo, kwenye michezo hiyohiyo, ilizuka kashfa ya jaji wa Ufaransa aliyesema alishinikizwa awapigie kura Warusi katika mashindano ya wawiliwawili, na mwishowe Wakanada nao wakapewa dhahabu ya pili. Ndipo 6.0 ikazikwa. Kuanzia 2004 kila mruko na kila mzunguko una bei yake iliyoandikwa. Axel ile ya Malinin bei yake ilikuwa alama 12.50. Wapo wataalamu wanaorudia picha polepole kuona kama umekamilisha mzunguko au umeuiba, majaji huongeza au kupunguza hadi hatua tano kwa ubora, na alama ya juu kabisa na ya chini kabisa hutupwa. Aliyewahi kuhudhuria mashindano ya kusoma Qur'ani mwezi wa Ramadhani hatashangaa: pale pia kosa lina bei yake, na bado iko nafasi ya sauti na mahadhi. Hakuna anayetoka msikitini akisema yalikuwa maonyesho.

Kwa hiyo jibu langu kwenu ni ndiyo, ni mchezo. Lakini swali lenu limemkazia macho jaji wa mezani, na mimi baada ya miaka saba namwogopa zaidi jaji wa mlangoni.

Mabel Fairbanks alikuwa msichana mweusi wa New York miaka ya 1930. Viwanja vilimkatalia kuingia, na husimuliwa kuwa mjomba wake alimtengenezea kibarafu cha futi 6 kwa 6 chumbani ajifunzie. Hakuna jaji aliyewahi kumnyima alama kwenye mashindano ya taifa, kwa sababu ili ufike mbele ya jaji ulihitaji klabu, na klabu hazikumtaka. Aliteleza kwenye maonyesho (hayo sasa ndiyo maonyesho, ndugu mhariri), akahamia Los Angeles, akawa mwalimu, akabishana na klabu kwa niaba ya wanafunzi wake. Mmoja wao, Atoy Wilson, mweusi kama yeye, alitwaa ubingwa wa taifa wa daraja la chipukizi mwaka 1966. Miaka 20 baadaye Debi Thomas, naye mweusi, huku akisoma chuo kikuu cha Stanford, akawa bingwa wa Marekani na wa dunia mwaka uleule, 1986. Fairbanks mwenyewe walimwingiza katika orodha ya heshima ya mchezo huu Marekani mwaka 1997, akiwa bibi kizee.

Siku hizi mlangoni hakuna anayeulizwa rangi. Anaulizwa kadi ya benki. Muda wa barafu unalipiwa, mwalimu analipiwa, viatu mbali na chuma chake mbali, kunoa, nguo, safari. Huko Harlem kipo kikundi kilichoanzishwa 1997 kinachowapa wasichana barafu kwa sharti la kusoma. Ningependa viwe vingi. Wengi ninaowaona mimi huacha wakiwa wazuri, na sababu hawaisemi.

Kila baada ya muda klabu huleta majaji kuwapima watoto, maana bila kufaulu mtihani hupandi daraja. Hawalipwi, wanajitolea, wamejifunga blanketi miguuni. Karatasi ya mtoto aliyeshindwa haiandikwi ameshindwa, huandikwa ajaribu tena. Mwezi uliopita yule binti wa maanguko 19, sasa mkubwa, aliipata hiyo. Jaji, mama wa makamo ya sabini hivi, alipokuja kununua chokoleti nilimwuliza kosa nini. Akaweka kikombe chini, akasimama juu ya zulia la mpira na mabuti yake ya theluji, akalalia mguu wa kushoto upande wa nje, halafu taratibu akauachia uangukie ndani. Kumbe mruko wa Lutz, mwingine katika ile sita, huondokea makali ya nje ya chuma, na yule binti alikuwa akigeukia ya ndani dakika ya mwisho kila mara. Nilikuwa nimemtazama miaka mitatu sikuliona.

Nikamfuata baba yake kwenye maegesho nimweleze. Kabla sijafungua mdomo akaniuliza kujaribu tena ni bei gani.

Msomaji wenu, Massachusetts